Tuwape wauza mutura mfereji, kisha tuwakaribishe wageni

Mhariri,

Majuma mawili yaliyopita ulichapisha barua ya msomaji aliyetaka wapishi wote wa kando ya barabara waondolewe Nairobi ili mji upendeze machoni pa wageni. Niliisoma ndani ya matatu nikirudi nyumbani Makadara, na nilipofika nikaisoma tena jikoni. Naomba nafasi nimjibu, maana ndugu yangu mdogo ni mmoja wa wapishi hao: huuza mutura, yaani utumbo uliojazwa nyama na damu ukachomwa. Nitakwenda kwa urefu kidogo, kwa kuwa jambo lenyewe nimelishuhudia hapa kwetu na ugenini.

Mimi ni fundi wa mabomba ya maji. Kwa miaka 22 nimekuwa nikitafuta mahali maji yanapovuja chini ya barabara za Eastlands. Kazi hii hufanywa usiku, magari yakishapungua. Unasimamisha fimbo ya chuma juu ya vali, unatega sikio kwenye ncha ya juu, unasikiliza. Bomba zima lina mvumo wake wa chini kwa chini, lakini linalovuja husikika kama mtu anayevuta pumzi katikati ya meno. Ni kazi hiyo iliyonipeleka Fukuoka, kwenye kisiwa cha Kyushu nchini Japani, kwa mafunzo ya majuma sita. Mji ule hauna mto mkubwa wa kuutegemea. Mwaka 1978 ukame uliwafanya wakazi wapimiwe maji kwa siku 287, na mwaka 1994 kwa siku 295. Shida hizo ziliwafunza kuthamini kila tone, na leo maji yanayovujia njiani ni takriban asilimia 2 tu. Fundi yeyote wa maji angetamani kuuona mtandao kama huo.

Hata hivyo, kilichonikaa moyoni zaidi ni jioni moja ya Jumamosi, majuma matatu tangu tufike. Walimu wetu walitutafutia mtembezaji wa kutupeleka kwenye vilabu na vibanda vya chakula ambavyo wenyeji huenda wakitoka kazini. Tulikuwa wanafunzi sita. Mtembezaji alikuwa mama wa makamo aliyewahi kuwa mwalimu wa shule ya msingi, mwenye viatu vya kutembelea na mwavuli mdogo aliouinua kila tulipofika njia panda ili tusipotezane. Alitueleza kwamba zamani sheria ya Japani, iliyotungwa mwaka 1949, haikumruhusu mtu kutembeza wageni kwa malipo kama hana leseni ya serikali, na leseni yenyewe ilikuwa na mtihani mgumu. Sheria hiyo ililegezwa Januari 2018. Tangu hapo hata mkazi wa kawaida anayeujua mtaa wake anaweza kuifanya kazi hiyo, na ndipo yeye alipoianza.

Kabla hatujaingia popote alitusimamisha chini ya taa ya barabara akatupa masharti. Tutagawanyika watu watatu watatu, kwa sababu vilabu ni vidogo na watu sita wakiingia pamoja wanawafukuza wateja wa kila siku. Kila mmoja ataagiza angalau chakula kimoja na kinywaji kimoja, maana kiti ni riziki ya mwenye duka. Picha hazipigwi kabla ya kuomba. Hakuna kuacha bahashishi, kwa kuwa mwenye duka atatufuata mbio barabarani aturudishie. Tuwe na pesa taslimu. Tena alinivuta kando akaniuliza kama nakunywa pombe. Nikamwambia sinywi, nimelelewa katika Jeshi la Wokovu. Akaniambia nisiwe na wasiwasi, kila mahali tutakapokwenda kuna chai baridi ya oolong, na hakuna atakayenilazimisha. Ikawa hivyo. Nimeanza na hili kwa makusudi, Mhariri, kwa sababu huku kwetu ukitaja kuzungushwa vilabuni watu wanaona ulevi moja kwa moja. Mimi nilikaa vilabuni saa nne nzima nikarudi na kichwa changu kama nilivyokwenda nacho.

Pa kwanza palikuwa duka la kuuza pombe la mtaani lenye kaunta pembeni. Mtu hununua chupa yake rafuni, akasimama hapo hapo akainywa na samaki wa kopo au karanga. Mtindo huo huitwa kakuuchi, na eneo lile la kaskazini mwa Kyushu linasifika kwa mtindo huo. Hakuna kiti hata kimoja. Wazee wawili waliokuwa wamesimama pale walitusogezea nafasi bila kuambiwa, mmoja akammiminia mwenzangu wa Ghana bia kwenye glasi. Desturi yao ni kwamba hujimiminii mwenyewe. Unammiminia jirani, naye anakumiminia wewe.

Pa pili tulikaa. Unapoketi unapewa kitambaa cha moto cha kufutia mikono, kisha kinaletwa kibakuli cha chakula ambacho hukuagiza. Chetu kilikuwa na kiazi kilichopondwa, kiasi cha vijiko viwili. Mwenzangu wa Ghana akakisukuma nyuma akisema hakukiomba na hatakilipia. Mtembezaji akamwekea mkono begani, akamweleza taratibu kwamba hicho huitwa otoshi. Kinakuja pamoja na kiti, na bei yake ndiyo ada ya kukalia pale. Kama si mama yule, jioni yetu ingeishia hapo kwa maneno makali, na kila upande ungeondoka ukiamini mwingine ni mwizi. Ndipo nilipoelewa anachouza mtembezaji mzuri. Njia tungeweza kuitafuta wenyewe kwenye simu. Yeye alikuwa akilinda heshima ya mwenye duka na heshima ya mgeni kwa wakati mmoja.

Hapo tuliletewa mishikaki ya kuku, nayo ikawekwa juu ya kabichi mbichi iliyonyunyiziwa siki, ndivyo wanavyokula Fukuoka. Ipo mishikaki ya maini, ya mioyo, ya firigisi. Ipo ya ngozi tupu, iliyozungushwa kwenye kijiti kama uzi, ikachomwa, ikapumzishwa, ikachomwa tena kwa siku kadhaa hadi mafuta yakaisha na ikawa inavunjika mdomoni. Halafu sufuria ya chungu ikawekwa katikati ya meza juu ya jiko dogo la gesi, imejaa kabichi na majani marefu ya kijani yanayonukia kama kitunguu saumu. Nilipoyafunua kwa vijiti nikakuta matumbo. Matumbo haya haya ninayonunua soko la Burma hapa Nairobi! Huitwa motsunabe, na ni chakula ambacho Fukuoka inajivunia. Nikamwambia mtembezaji kwamba kwetu hiki ni chakula cha mtu wa mjengo, hula na ugali mchana wa saa saba. Akawatafsiria waliokuwa meza ya jirani. Mwanamume mmoja akajibu kitu, wote wakacheka, na mama akanieleza: amesema hata kwao kilikuwa cha wasio na pesa ya nyama.

Sasa nifike pa tatu, ndipo palipo hoja yangu.

Katikati ya Fukuoka, sehemu za Tenjin na kando ya mto unaopita Nakasu, kila jioni hutokea vibanda vya chakula kwenye njia ya waenda kwa miguu. Huitwa yatai. Ni mkokoteni wa mbao wenye paa, mapana yake kiasi cha chumba cha kupanga cha Kayole, wenye taa nyekundu na pazia fupi la kitambaa. Ndani mna benchi la watu wanane au kumi. Mpishi husimama katikati, na ninyi mnamzunguka magoti yakigusana. Mwenye kibanda huitwa taisho, kama sisi tunavyomwita mtu mkubwa au bosi. Taisho wetu alikuwa na kitambaa kichwani na mikono yenye alama za moto. Kwenye sufuria lake refu mifupa ya nguruwe ilikuwa imechemka tangu mchana, supu imekuwa nyeupe kama maziwa. Ndani yake hutumbukiza tambi nyembamba zilizonyooka. Ukizimaliza kabla ya supu, unaita "kaedama" na anakuongezea nyingine. Karibu yangu alikaa karani aliyekuwa amelegeza tai, na upande wa pili bibi na mumewe waliokuwa wakisherehekea jambo ambalo sikulijua. Kufikia bakuli la pili tulikuwa tunapitishiana pilipili kama jamaa.

Wakati wenzangu wanakula, mimi nilikuwa namtazama taisho akiosha bakuli. Aliliosha kwa maji yanayotiririka kutoka kwenye mfereji. Kwenye mkokoteni! Nikainama. Kutoka chini ya beseni ulishuka mpira hadi kwenye kifuniko kidogo cha chuma sakafuni. Pembeni mwake ulishuka mwingine, wa maji machafu, ukaingia kwenye kifuniko cha pili. Kulikuwa pia na kisanduku cha stima. Nikamwomba mtembezaji aniulizie. Taisho aliposikia kwamba mimi ni fundi wa maji kutoka Nairobi aliweka upawa chini, akachukua kulabu, akanifungulia. Ndani kulikuwa na vali na mita ndogo ya maji, aina ile ile ninayofunga nyumbani kwa watu. Maji na mtaro ni vya mji, na yeye hulipa anachotumia. Nilipiga magoti pale kwenye lami, watu wakipita, nikaitazama mita ile ikizunguka. Sioni haya kusema kwamba machozi yalinilengalenga. Nilikuwa nikimfikiria ndugu yangu na mtungi wake wa maji wa lita 20.

Nilidhani vibanda hivyo vimependwa siku zote. Mtembezaji akaniambia sivyo. Vilichipuka baada ya Vita vya Pili vya Dunia, na miaka ya 1960 vilikuwa zaidi ya 400. Kisha malalamiko yakazidi: moshi, kelele za usiku, njia kuzibwa, maji machafu kumwagwa barabarani, leseni kukodishwa kwa watu wasio wenyewe. Miaka ya 1990 ikaamuliwa kwamba wapya wasiingie na leseni zife pamoja na wenyewe, isipokuwa kwa mrithi wa karibu sana. Vikaanza kutoweka kimoja kimoja kadiri wazee walivyochoka. Mji ukapata barabara tulivu, lakini ukahisi unapoteza kitu chake. Mwaka 2013, wakati wa Meya Takashima Soichiro, Fukuoka ikatunga sheria ndogo ya yatai, ya kwanza ya aina yake nchini Japani. Baadaye nafasi zikatangazwa hadharani, watu wakaomba, wakachujwa. Leo vipo takriban 100, na wageni hufunga safari kwa ajili yake.

Sheria yenyewe haibembelezi mtu. Jina lililo kwenye kibali ndilo la mtu anayepaswa kuwa nyuma ya sufuria. Chakula kibichi hakiruhusiwi. Kila kitu kipitie motoni kabla ya kuandaliwa. Nchini Japani kila mahali panapouzwa chakula lazima pawe na mtu aliyesomea usafi wa chakula, mafunzo ya siku moja tu. Na alfajiri ikifika, kibanda kiwe kimeondoka. Hilo la mwisho sikuliamini hadi nilipokwenda mwenyewe asubuhi yake, Jumapili, saa moja na nusu. Njia ilikuwa tupu na imefagiliwa. Hapakuwa na hata kijiti cha mshikaki. Vilikuwepo vifuniko vile vya chuma tu, mstari mmoja, na mama aliyekuwa akimtembeza mbwa wake juu yake. Kuna watu ambao riziki yao ni kuvivuta vibanda hivyo jioni na kuvirudisha maegeshoni usiku. Ni mikokoteni kama yetu ya Gikomba, na wavutaji kama wetu.

Msomaji wako aliandika kuhusu maji machafu mtaroni, na hapo sina ubishi naye. Nimeyakanyaga. Lakini maji machafu humwagwa barabarani kwa sababu hakuna shimo la kuyapeleka, na kisu huoshwa katika ndoo moja tangu jioni hadi usiku kwa sababu ndoo ya pili inauzwa. Hizo ni kasoro za bomba. Mimi najua kasoro za bomba zinavyotengenezwa.

Mwaka jana mmoja wa walimu wetu wa Fukuoka alikuja Nairobi kikazi kwa siku tano. Kule kwao nilikuwa nimemsimulia habari za ndugu yangu mdogo, ambaye kwa miaka 11 amekuwa akiuza mutura na supu jioni karibu na steji moja ya Umoja. Hata kabla ya kutua aliniandikia: nataka kula unapokula wewe. Juma lile lile alilofika, alfajiri moja, watu walikuja na lori pale kwa ndugu yangu wakabeba jiko, sufuria mbili, meza na benchi. Cheti chake cha afya, ambacho huenda kupimwa kila miezi sita ili kukifanya upya, kilikuwa ndani ya droo ya meza ile. Sitamtaja mtu wala ofisi, kwa kuwa sikuandika barua hii kumshtaki yeyote. Naeleza tu lililonipata mimi kama mwenyeji.

Nilimpeleka mgeni wangu kwenye hoteli kubwa katikati ya mji. Tuliletewa kuku na chipsi kwenye sahani pana nyeupe, na muziki wa kigeni ukipigwa kwa sauti ya chini. Alikula kwa adabu hadi mwisho. Kisha akafuta mdomo akaniuliza, "Na kibanda cha ndugu yako?" Nikamwambia kimefungwa kidogo. Nilisikia aibu ambayo siwezi kuieleza vizuri. Mtu huyu alinifungulia mji wake hadi vifuniko vya sakafuni, nami nimemleta Nairobi nikamlisha chakula ambacho angekipata uwanja wowote wa ndege duniani.

Siku mbili baadaye ndugu yangu aliazima jiko akapika nyuma ya mashine ya kusaga unga, pale pale karibu na steji, kwa hisani ya mwenye mashine. Tukaenda. "Dada, huyu mgeni atakula kweli?" aliniuliza kwa sauti ya chini. Nikamwambia, mkatie. Wasomaji wengi wa Nairobi wanajua mutura, lakini nataka niuandike kama ninavyoujua mimi, kwa sababu hakuna anayeuandika. Utumbo huoshwa ndani na nje, hugeuzwa kama soksi, huoshwa tena hadi maji yatoke meupe. Hujazwa nyama iliyokatwa ndogo ndogo, damu, kitunguu, dhania na pilipili, ukafungwa ncha na kuchemshwa kwanza, ndipo ukapanda juu ya makaa. Ndugu yangu huuchoma taratibu. Huugeuza kwa vidole vitupu, na anapoubonyeza anasikiliza. Ukianza kupasuka kwa mlio mkavu, umekuwa tayari. Anaukata juu ya ubao ambao katikati umebonyea kwa kukatiwa, vipande vya shilingi 20, anausukuma kwa ncha ya kisu hadi kwenye kachumbari na kilima kidogo cha chumvi. Unakula umesimama, bega kwa bega na usiyemjua.

Mgeni alichovya, akatafuna, akafumba macho. Kondakta mmoja aliyekuwa akinywa supu akamwambia, "Karibu, mzee, simama upande huu moshi usikuumize." Kikombe cha supu kikaja, na kijana mmoja akamlipia kabla sijafungua mkoba. Nilikuwa nimeona jambo hili hili Fukuoka, watu wakisogezeana nafasi. Sikuhitaji kumtafsiria.

Kisha akatazama pale kisu kilipooshwa, kwenye ndoo iliyojazwa kutoka mtungi. Ndugu yangu hununua mitungi mitatu kila jioni. Maji yakiwa haba, bei hupanda, na faida ya mutura mzima huishia humo. Mgeni wangu hakusema neno. Akaanza kutazama chini, kama nilivyofanya mimi kwao, akitembea hatua mbili kushoto, hatua tatu mbele, hadi akapakuta: kifuniko cha vali, cha chuma, kimezama nusu kwenye vumbi la ukingo wa barabara. Akanitazama. Fundi humwelewa fundi.

Mhariri, ninachoomba si kikubwa. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezipa kaunti kazi za masoko, leseni za biashara, utalii wa mtaani, leseni za wanaouza chakula kwa umma, leseni za vileo, pamoja na huduma za maji na usafi. Mambo yote yaliyoiwezesha Fukuoka kufanya ilichofanya, hapa yamekwisha kuwekwa mkononi mwa serikali moja ya kaunti. Bunge la Kaunti likitaka, linaweza kuchagua barabara moja tu ya majaribio. Vibanda kumi. Kila kibanda kiwe na mfereji wenye mita, shimo la maji machafu na taa. Kila kibali kiwe na jina la mtu mmoja ambaye lazima aonekane pale. Karibu na hapo kiwepo choo safi cha umma. Saa ya kuanza ijulikane, na saa ya kuondoka ijulikane, mtu akipita asubuhi akute njia. Atakayevunja masharti aondolewe yeye, si mstari mzima. Ndugu yangu yuko tayari kulipia maji anayotumia. Nimemuuliza. Anasema yatakuwa rahisi kuliko ya mtungi, na kwa hesabu zangu amesema kweli.

Hayo yakiwepo, ndipo tuwaite wageni jioni. Watembezaji wetu wengi wanajua simba yuko upande gani wa mbuga, na kazi hiyo wanaifanya kwa ustadi. Lakini mgeni anayelala Nairobi usiku mmoja kabla ya kwenda Mara, nani anamwonyesha mji? Wapo vijana wa Majengo wanaojua ni nani hupika mahamri na mbaazi alfajiri. Wapo wa Eastleigh wanaoweza kumketisha mtu mbele ya nyama ya ngamia wakamweleza kwa nini inaliwa na ndizi. Kariokor, ambako jina lenyewe limetokana na wapagazi wa Vita vya Kwanza vya Dunia, nyama huchomwa hadi jioni, na anayechoma anaweza kukuambia mbuzi alitoka soko gani. Vijana hawa wafunzwe yale niliyoyaona kwa mama yule wa Fukuoka. Kundi liwe dogo. Mwenye kibanda aulizwe kabla, alipwe mbele ya macho ya mgeni, na apigwe picha akikubali tu. Asiyekunywa asilazimishwe. Saa za vilabu ziheshimiwe, na mgeni arudishwe alikofikia kwa gari ambalo dereva wake hajaonja kitu. Huko Japani hata abiria anayepanda na dereva mlevi akijua hali yake huweza kuadhibiwa, na nadhani walifanya vyema.

Na jambo moja nasisitiza. Wapo wanaowatembeza wageni kwenye mitaa yetu ya chini ili waone umaskini, wakipita juu juu na kamera bila kununua hata chapati. Sitaki hiyo. Pale Fukuoka hakuna aliyenionyesha dhiki ya mtu. Nilionyeshwa ustadi wa mtu, nikaulipia, nikala, nikashukuru. Ndugu yangu ana ustadi. Mtu aliyesikiliza mutura kwa miaka 11 anastahili kutazamwa kama nilivyomtazama taisho yule akikung'uta tambi.

Kuhusu mahali pa kuanzia, naweza kusaidia. Majuma matatu yaliyopita, saa nane za usiku, nilikwenda pale steji na fimbo yangu. Nilifuta vumbi kwenye kifuniko kile, nikakifungua, nikasimamisha fimbo juu ya vali, nikatega sikio. Bomba ni la inchi nne, limepita mita tatu kutoka mahali jiko la ndugu yangu lilipokuwa likikaa, na halivuji. Maji yalikuwa yakipita.

Fundi wa mabomba,
Makadara, Nairobi